Tukisema "Unyama", Tunamsingizia Nani?

Kila linapotokea tukio la kutisha, mtu kaua mke na watoto usiku wa manane, au kundi limemzingira mnyonge likammaliza kwa mawe, neno la kwanza kututoka midomoni ni "unyama". Magazeti yanaandika "kitendo cha kinyama". Viongozi wanalaani "unyama huu usiovumilika". Sisi wengine tunatikisa vichwa na kuguna. Neno hilo lina raha yake, kwa sababu likishatamkwa, aliyetenda anakuwa ameshahamishwa: katolewa kwetu, kapelekwa porini, na tuliobaki huku tunajihesabu watu.

Nimeanza kulitilia shaka. Wala msidhani mimi ni mpenzi mkubwa wa wanyama. Mimi na paka wa jirani hatusalimiani. Tatizo langu ni kwamba kila nikilisikia najiuliza ni mnyama gani hasa anayesingiziwa. Fisi? Fisi anaua ale. Nyoka? Nyoka akikuuma ni kwa kuwa umemkanyaga au amedhani utamkanyaga, na kama angeulizwa angependa usingepita kabisa njia ile.

Lugha yenyewe ingetuonya mapema kama tungeisikiliza. Mti umeanguka, jiwe limeanguka, kiti kimeanguka. Lakini mtu ameanguka, na mbuzi ameanguka. Kwenye sarufi ya Kiswahili mbuzi na hakimu wanakaa benchi moja. Mbwa ni wangu kama mtoto alivyo wangu, ilhali ndugu ni yangu, kama nyumba. Ukuta tumeujenga kwenye nomino za dhahania: mtu tukampa utu, tukaujaza kila lililo jema, na mnyama tukampa unyama, tukaujaza kila tusichopenda kuonekana nacho. Ni mgawanyo wa mirathi uliofanywa na mrithi mmoja akiwa peke yake chumbani. (Vijana nao wameligeuza neno: siku hizi kitu kikali, kizuri kupita maelezo, ndicho "unyama". Walimu wa lugha wanalalamika. Mimi naona vijana wamewatendea wanyama haki kuliko wahariri.)

Nina kisa changu kidogo hapa. Mwanangu alipokuwa na miaka minne aliuchomoa mkono wake kutoka kwenye wangu tukiwa kando ya barabara, akaufuata mpira wa watoto wengine uliokuwa unabingirika kuelekea katikati ya lami. Sikumbuki kuamua lolote. Nakumbuka tu kwamba nilikuwa nimeshamdaka kwa nyuma ya shati, kwa nguvu iliyokata vifungo viwili, na gari lilikuwa limeshapita, upepo wake umetupiga usoni. Kisha nikamzaba kofi. Alilia kwa ajili ya kofi. Gari hata hakuliona.

Kwa miaka mingi kisa hiki nilikisimulia hivi: silika ya mzazi ilimwokoa mtoto, na silika ileile, ikiwa bado inachemka, ikampiga. Wazazi wenzangu walikuwa wakinielewa haraka, wengine wanacheka, maana kila mmoja ana kofi lake la namna hiyo. Nitakirudia baadaye, kwa sababu nimekuja kugundua kwamba sehemu yake moja ni uongo.

Kwanza tuipe silika haki yake. Charles Darwin, aliyetuvurugia ukoo, alijaribu siku moja kupimana nayo nguvu. Alikwenda kwenye bustani ya wanyama ya London, akasimama mbele ya kioo kinene chenye kifutu upande wa pili, akasogeza uso hadi kwenye kioo akiwa amenuia kwa dhati kutorudi nyuma hata nyoka akirusha kichwa. Kioo alikijua. Alijua pia sumu haiwezi kupita. Kifutu akapiga, na Darwin akajikuta ameruka nyuma yadi moja au mbili kwa kasi iliyomshangaza mwenyewe. Alikisimulia kisa hicho mwaka 1872 alipoandika kuhusu namna binadamu na wanyama wanavyoonyesha hisia, akakiri kwamba nia na akili yake havikufua dafu mbele ya hatari ambayo hakuwahi kukutana nayo maishani. Yeye hakuwahi kuumwa na kifutu, lakini walikuwapo wahenga wake, wa kabla ya kuwa na majina, waliochelewa kuruka, na hao hawakuacha watoto.

Kila mmoja wetu anatembea na mabaki ya namna hiyo mwilini. Ukishikwa na baridi au hofu vinyweleo vinasimama. Kwa mnyama mwenye manyoya mengi jambo hilo lina faida, linamtunzia joto au linamfanya aonekane mkubwa mbele ya adui. Kwako wewe uliyebaki na vinyweleo vya kuhesabika ni kazi ya bure ambayo mwili haujaambiwa uiache. Mguse mtoto mchanga kiganjani kwa kidole, atakikamata kana kwamba kuna manyoya ya mama ya kung'ang'ania.

Lakini kama kuna mahali mpaka wenyewe ulipochakaa hadi ukaonekana upande wa pili, ni Gombe, ule ukanda mwembamba wa msitu na makorongo unaoshuka hadi Ziwa Tanganyika. Jane Goodall alifika hapo Julai 1960 kuwafuatilia sokwe, binti wa miaka 26 asiye na shahada, na kabla mwaka haujaisha alikuwa ameona dume mmoja akichukua kijiti, akikikwanyua majani, akikiingiza kwenye kichuguu na kukitoa kimejaa mchwa. Hadi siku hiyo wasomi walikuwa wametulia na tafsiri yao kwamba binadamu ndiye kiumbe anayetengeneza zana. Louis Leakey, mtafiti wa asili ya binadamu aliyemtuma, alipopata habari alijibu kwamba sasa hakuna budi: ama tubadili maana ya zana, ama tubadili maana ya binadamu, ama tukubali kwamba sokwe ni watu. Kiswahili hakikuwa na sababu ya kushtuka. Mnyama huyo kwetu tayari anaitwa sokwe mtu.

Habari ya kijiti inapendwa na watu wote na iko kwenye kila kitabu cha shule. Zile zilizofuata hazipendwi hivyo. Mwaka 1972 alikufa Flo, sokwe mama mzee aliyezaa na kulea watoto kadhaa mbele ya macho ya watafiti. Mwanawe mdogo kuliko wote waliokuwa hai, Flint, alikuwa na miaka minane na alikuwa hajakubali kuachishwa. Aliacha kula, akajikunyata karibu na mahali mama yake alipofia, na wiki chache baadaye naye akafa. Daktari angeweza kuandika ugonjwa fulani kwenye cheti. Bibi yangu angesema mtoto amekufa kwa uchungu, na sidhani kama angekuwa amekosea zaidi ya daktari.

Halafu ikaja 1974. Jamii ya sokwe iliyokuwa ikifuatiliwa ilikuwa imeshagawanyika pande mbili, Kasakela kaskazini na Kahama kusini. Waliogawanyika hawakuwa wageni kwa wageni. Walikuwa wamekulia pamoja, wamechambuana manyoya, wengine wamekula mti mmoja kwa miaka. Januari mwaka huo dume wa Kahama aliyepewa jina la Godi alikuwa peke yake juu ya mti anakula. Madume wa Kasakela walimjia kimya. Alipojaribu kukimbia walimkamata mguu, wakamwangusha, mmoja akamkandamiza chini huku wengine wakimpiga na kumng'ata kwa dakika kadhaa. Aliyeyashuhudia hayo ni Hilali Matama, mmoja wa wafuatiliaji wazoefu wa kituo. Godi aliinuka akiwa na majeraha mabaya, akajikokota, na hakuonekana tena. Mmoja baada ya mwingine, kufikia 1978, madume wote wa Kahama walikuwa wameuawa au wametoweka.

Kwa muda palikuwa na wasomi waliotaka kuamini kwamba kosa ni letu, kwamba ndizi zilizokuwa zikitolewa kituoni ndizo zilizowaharibu. Mwaka 2014 watafiti walipokusanya kumbukumbu za jamii 18 za sokwe kutoka sehemu mbalimbali za Afrika, hoja hiyo haikusimama: mauaji hayakufuata kiasi cha kuingiliwa na binadamu. Bonobo, binamu zao wa kusini mwa Mto Kongo, wana historia tofauti na ya upole zaidi, jambo linaloonyesha kwamba hata damu ya karibu hailazimishi tabia moja.

Hapa ndipo mtu anapotaka kuniambia: "Umeona? Hao ndio wanyama, na huo ndio unyama. Neno liko sahihi." Ningekubali kama tungekuwa tunaishia kwenye kiasi cha Godi. Miaka 20 baadaye, mwaka 1994, kaskazini mwa Gombe, nchini Rwanda, waliuawa watu wanaokadiriwa kufikia 800,000 ndani ya siku kama 100. Dunia nzima ililia "unyama". Tuangalie vifaa vilivyotumika. Palikuwa na kitambulisho chenye kabila la mtu, kilicholetwa na utawala wa Ubelgiji miaka ya 1930. Palikuwa na redio, RTLM, iliyoanza kurusha matangazo mwaka uliotangulia ikiwa na muziki mzuri na utani, kisha ikawa inataja watu kwa majina. Palikuwa na orodha zilizoandikwa kabla, na vizuizi vya barabarani ambako mtu alisimamishwa akaambiwa atoe kadi. Hakuna fisi aliyewahi kuomba kitambulisho.

Na kabla ya yote hayo palikuwa na neno. Watutsi waliitwa inyenzi, yaani mende, waliitwa nyoka. Neno lilirudiwa magazetini, redioni, kwenye mikutano, hadi aliyeshika panga akaona kazi iliyo mbele yake ni ya kufagia nyumba. Jambo hili huwa linanikosesha usingizi kuliko idadi yenyewe. Neno lilelile tunalolitumia kuwahukumu wauaji ndilo wauaji walianza nalo. Wao walisema wale si watu, ni wadudu. Sisi tukaja baadaye tukasema hawa nao si watu, ni wanyama. Kwa hiyo siku ile hapakuwa na watu pande zote mbili? Palikuwa na watu tu, jirani na jirani, kila mmoja anamjua mwenzake kwa jina na anajua watoto wake ni wangapi.

Wannsee, kando ya Berlin, Januari 20, 1942, wakubwa 15 wa serikali ya Kinazi walikaa kwa muda wa saa moja na nusu hivi kupanga uratibu wa mauaji ya Wayahudi wa Ulaya. Zaidi ya nusu yao walikuwa na shahada za uzamivu. Hakuna aliyetokwa na povu. Zililetwa takwimu za kila nchi, yakazungumzwa masuala ya kisheria ya ndoa za mchanganyiko, vikafuata vinywaji. Nikisoma habari za kikao kile naona uwezo wote tunaojivunia kwamba unatutenganisha na nyani: hesabu, sheria, lugha, subira, kupanga mambo ya mwaka kesho. Kama kuna kiumbe anayepaswa kuchukizwa na neno "unyama" hapo, ni mnyama.

Kuna kundi jingine linaloitumia silika kwa njia tofauti, yaani kama wakili wa kukodi. "Mwanaume ameumbwa hivyo," anasema aliyefumaniwa, "hata simba ana majike wengi." Sawa. Simba dume mgeni akiteka kundi pia huua watoto wa dume aliyemfukuza, ili majike warudi kwenye joto upesi. Hilo limeshuhudiwa mara nyingi Serengeti na ni la asili kama ukucha. Mbona kifungu hicho hakisomwi? Kuna pengwini dume wa Antaktika, wale wakubwa kuliko wote, anayesimama gizani kwenye barafu kwa takriban miezi miwili yai likiwa juu ya miguu yake, hali chochote, akimsubiri mkewe arudi kutoka baharini. Sijawahi kusikia mtu akijitetea nyumbani kwamba amezidiwa na silika ya pengwini. Porini kuna mfano wa kila kitu. Anayekwenda huko kutafuta ushahidi hurudi na kile alichokwenda nacho.

Wema nao umetoka hukohuko, na hapa ndipo naona mgawanyo wetu wa mirathi ulipokuwa wa dhuluma zaidi. Mwaka 2011 watafiti wa Chuo Kikuu cha Chicago walimfungia panya ndani ya kibomba chenye mlango unaofunguka kwa nje tu, wakamwacha mwenzake akiwa huru pembeni. Panya aliyekuwa huru alihangaika siku kadhaa hadi akajifunza kumfungulia, na akishajifunza alifanya hivyo kila siku. Wakaweka kibomba cha pili chenye chokoleti. Akafungua vyote viwili, na mara nyingi akamwachia mwenzake sehemu. Mtu mchoyo anaitwa panya kwa sababu gani, sijui.

Kubwa zaidi ni la mwaka 1964, Marekani. Kima wa jamii ya rhesus walifundishwa kuvuta mnyororo ili wapate chakula. Baadaye mnyororo ukaunganishwa na umeme, hivi kwamba kila alipouvuta, kima mwingine aliyeonekana kupitia kioo alipigwa shoti mbele ya macho yake. Wengi waliacha kuuvuta. Mmoja alikaa siku 12 bila kula. Tuna methali yetu isemayo mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa mwanadamu mchungu, na nadhani ni miongoni mwa maneno ya kweli zaidi tuliyowahi kujisemea wenyewe. Yule kima aliuonja mkuki ukiwa kwa mwingine akauona mchungu. Na wakati anashinda njaa, upande wa pili wa chumba palikuwa na binadamu mwenye daftari, aliyefunga zile nyaya kwa mikono yake, anaandika ni siku ya ngapi.

Basi mpaka uko wapi? Wengi wakibanwa hukimbilia kwenye breki: mnyama anasukumwa, binadamu anaweza kujizuia. Mfano wanaoupenda ni wa Phineas Gage, msimamizi wa kazi za kulipua miamba kwenye ujenzi wa reli huko Vermont, Marekani. Septemba 13, 1848, baruti ililipuka kabla ya wakati wake, na chuma chenye urefu wa zaidi ya mita moja na uzito wa kilo kama sita kikaingia chini ya shavu lake la kushoto, kikatokea utosini. Alipona. Lakini daktari wake, John Harlow, aliandika mwaka 1868 kwamba mizani kati ya akili zake na tamaa zake za kinyama ilikuwa imevunjika: aliyekuwa mtu wa mipango sasa alikuwa mkaidi, kigeugeu, mwenye matusi mazito. Rafiki zake walisema huyu si Gage tena.

Kisa hiki hufundishwa kama uthibitisho kwamba chini ya paji la uso kuna mlinzi, na akiondoka anatoka mnyama. Mimi nina maswali mawili. Kwanza, mnyama gani anatukana? Matusi ni ufundi wa kibinadamu kabisa, yanahitaji sarufi na kumjua mama wa mtu. Pili, ambalo husahaulika darasani, Gage aliishi miaka mingine 11 na ushei, na sehemu kubwa ya muda huo alikuwa Chile akiendesha magari ya abiria ya kukokotwa na farasi. Kazi hiyo haifanywi na mtu asiye na breki. Inaelekea alijifunza upya kujizuia, siku baada ya siku, akiwa na tundu kichwani.

Kwamba tuna breki kuliko sokwe, hilo silipingi. Angalia foleni yoyote. Watu 50 wasiojuana, kila mmoja ana shida yake, wengine wana njaa, jua linawaka, mmoja anapenya kwa ujanja, na pamoja na hayo hakuna sikio linalong'olewa. Wapange hivyo madume 50 wa sokwe kutoka jamii tofauti na utaokota vidole. Richard Wrangham, aliyeanza kufuatilia sokwe Gombe na baadaye akahamia msitu wa Kibale nchini Uganda, anatenganisha ukali wa aina mbili: ule wa hasira ya papo kwa papo, na ule wa kupanga kwa damu baridi. Katika ule wa kwanza, anasema, sisi ni wapole mno tukilinganishwa na sokwe, wapole kama wanyama wa kufugwa. Katika ule wa pili tuko juu sana.

Hapo ndipo breki inapoacha kuwa sifa ya moja kwa moja. Uwezo uleule unaonifanya nisimsukume mzee kwenye foleni ndio unaomwezesha mtu kusalimiana na jirani kwa tabasamu miezi mitatu huku jina la jirani liko kwenye orodha mfukoni. Anayejizuia hajawa mwema bado. Amepata muda tu, na muda huo anaweza kuujaza huruma au kuujaza hesabu. Mtu mwenye hasira ukimpa maji na kivuli hupoa. Aliyepanga ukimpa maji atashukuru, atakunywa, ataendelea na mpango wake.

Sitaki kusema silika haina hatari. Niko Tinbergen, Mholanzi aliyeshirikiana na Konrad Lorenz na Karl von Frisch kupata Tuzo ya Nobel mwaka 1973 kwa kazi ya tabia za wanyama, alimwekea ndege wa pwani yai bandia kubwa mno kuliko la kwake. Ndege akaacha mayai yake halali, akawa anahangaika kulipanda lile jitu, anateleza, anapanda tena. Silika ilimwambia yai kubwa ni bora na haikuwahi kumwambia kikomo, kwa kuwa hapakuwahi kuwa na yai la namna ile duniani. Mimi humkumbuka ndege huyo saa sita za usiku, kidole gumba kikisukuma kioo cha simu juu, juu, juu, nikisoma ugomvi wa watu nisiowajua. Kiumbe wa kundi dogo anahitaji kujua nani kamkosea nani. Hilo liliwafaa wahenga wangu. Sasa mtu amenitengenezea yai la ukubwa wa dunia, analijua jina langu, na kadiri ninavyolikalia ndivyo anavyopata fedha. Humo ndani, kwenye maoni, kila baada ya mistari michache kuna anayemwita mwingine mbwa, nguruwe, mende. Wengi wao ni watu wazuri tu. Nimewahi kulianza neno la namna hiyo mwenyewe nikalifuta, na nikiri kwamba kilichonizuia ni kuishiwa chaji, si maadili.

Nirudi kwenye kofi. Siku moja nilikuwa namsimulia rafiki yangu kisa kile kwa mara ya kumi, na kwa sababu ni mtu wa maswali mengi akaniuliza nilipiga kwa mkono gani. Wa kulia, nikasema. Na shati ulishika kwa mkono gani? Wa kulia. Kwa hiyo ulimwachia kwanza? Nikanyamaza. Ndiyo, nilimwachia kwanza. Nilimsimamisha kando ya lami, nikamwona mzima, hana hata mchubuko. Moyo ulikuwa unadunda lakini hofu ilikuwa imeshafika mwisho. Kisha nikainua macho. Palikuwa na mama mmoja mwenye mzigo kichwani amesimama anatutazama, vijana wawili wenye ule mpira, na dereva aliyekuwa anakuja nyuma ya lile gari, kasimamisha kabisa, kashusha kioo. Mmoja wa wale vijana alisema, "Mzee, ulikuwa wapi?" Hakusema kwa ubaya.

Hapo ndipo mkono uliponyanyuka. Zilikuwa zimepita sekunde tatu, pengine nne. Kwa silika hizo ni karne. Aliyemdaka mtoto hakuwa na muda wa kumwangalia mtu yeyote, alikuwa hana jina wala cheo, alikuwa kitu kilekile kilichomrusha Darwin nyuma mbele ya kioo. Yeye alimaliza kazi yake akaondoka. Aliyepiga ni mimi, baba wa mtu, mwenye heshima ya kulinda, niliyetaka wale watu wanne waone kwamba kosa ni la mtoto na kwamba kwangu watoto hufunzwa adabu.

Sasa ana miaka 11. Juzi aliniuliza mwenyewe, maana katika siku ile yote kilichobaki kichwani mwake ni kofi: "Baba, mbona ulinipiga?" Nikamsimulia mpira, barabara, vifungo vilivyokatika, gari lilivyopita na upepo wake. "Nilishtuka, mwanangu," nikasema. Akafikiri kidogo.

"Lakini si lilikuwa limeshapita?"